Nianze na kuku au ng'ombe? Mifugo ya Stardew Valley na maandalizi ya majira ya baridi

Mkaaji wa Himbi (Goma)

Ndugu zangu, nawasalimu wote.

Naomba ushauri juu ya mifugo katika mchezo wa Stardew Valley, ule uliotungwa na Eric Barone peke yake na kutolewa mwaka 2016. Ninaucheza kwa Kifaransa kwenye kompyuta ya zamani isiyoweza kubeba michezo mizito ya matrekta, nao unakwenda vizuri bila intaneti, jambo ambalo kwangu lina maana kubwa. Shamba nililochagua ni lile la kawaida. Niko mwaka wa kwanza, machipuko yanakaribia kwisha, na baada ya kuuza viazi na koliflawa nimebaki na sarafu 7,000. Mbao na mawe ninayo ya kutosha kwa jengo moja, pengine mawili.

Nia yangu ni ng'ombe. Watu wa upande wa mama ni wa Masisi, nami nimekulia katika mazungumzo ya malisho, ndama na jibini, kwa hiyo sioni raha ya shamba lisilo na ng'ombe. Hata hivyo nimeambiwa na wengi kwamba anayeanza huanza na kuku, na sababu wanazotoa hazinitoshelezi.

Linalonitatiza zaidi ni majira ya baridi. Nimeelewa kwamba katika siku zote 28 za majira hayo nyasi hazioti na wanyama hawatoki nje. Kule Masisi milima hubaki ya kijani karibu mwaka mzima. Ng'ombe huhamishwa kutoka kipande kimoja cha malisho kwenda kingine, na sijapata kumwona mtu akifyeka nyasi ili azitunze kwa ajili ya miezi ijayo. Ndiyo maana sina kipimo chochote kichwani: sijui mnyama mmoja anakula kiasi gani, ghala moja linatosha wanyama wangapi, wala ni lini nianze kukusanya. Ningependa pia kujua namna ya kuwatunza hadi watoe maziwa na mayai ya ubora wa juu, kwa maana ninaona kuna mioyo inayohesabiwa kwa kila mnyama, lakini sijaelewa inavyopanda na inavyoshuka.

Natanguliza shukrani.

Yaya wa Katuba (Lubumbashi)

Mdogo wangu wa Himbi, umeuliza vizuri, na swali la nyasi ndilo la kujibiwa kwanza, kabla hata ya kuku na ng'ombe. Sisi wa Katanga tunakijua kiangazi. Kuanzia mwezi wa tano mvua inakatika, nyasi zinakauka, moto wa porini unapita, na mwenye mbuzi ambaye hakujipanga anaanza kuhangaika. Majira ya baridi ya mchezo huu ni kiangazi cha namna hiyo, isipokuwa ni kifupi na tarehe zake unazijua tangu siku ya kwanza.

Hesabu yenyewe ni nyepesi. Mnyama mmoja, awe kuku au ng'ombe, hula fungu moja la nyasi kavu kwa siku. Kwa hiyo wanyama 4 watakula mafungu 112 katika siku 28 za baridi, wanyama 8 watakula 224, na wanyama 12 watakula 336. Ghala moja lina nafasi ya mafungu 240. Maana yake ghala moja lililojaa linawavusha wanyama 8 na kubakiza kidogo, na ukizidisha hapo ni lazima ujenge la pili. Usisahau kwamba siku za mvua nazo wanyama hubaki ndani, basi hata katikati ya majira ya joto kuna siku utakazotoa nyasi ghalani.

Ghala linajengwa na Robin, seremala wa kijiji cha mchezo, kwa sarafu 100 tu, lakini anataka pia mawe 100, udongo wa mfinyanzi 10 na mikuo 5 ya shaba. Shaba ndiyo inayowachelewesha wengi. Kila mkuo unahitaji madini 5 ya shaba na kipande kimoja cha makaa ya mawe, basi utashuka mgodini hadi upate madini 25 na makaa 5. Ukishapata madini ya kwanza, Clint mhunzi atakuja nyumbani kwako asubuhi kukupa mchoro wa tanuri. Udongo unaupata kwa kuchimba ardhi tupu kwa jembe, nawe uwe na subira kwa sababu hautoki kila unapochimba.

Sasa zingatia hili kuliko yote niliyoandika: usifyeke nyasi yoyote shambani kabla ghala halijasimama. Ukifyeka wakati huna ghala, nyasi zinapotea bure na hupati hata fungu moja. Ghala likishakuwapo, kila fundo la nyasi unalokata kwa fyekeo la kawaida lina nusu ya uwezekano wa kukupa fungu, nalo huingia ghalani lenyewe bila wewe kubeba. Fyekeo la dhahabu, utakapolipata, linaongeza uwezekano huo hadi asilimia 75. Wachezaji wengi hulisafisha shamba lote katika wiki za mwanzo ili lipendeze, kisha hujikuta wakinunua nyasi kwa Marnie, mwuza mifugo wa kijiji, kwa sarafu 50 fungu moja. Yai la kawaida la kuku linauzwa sarafu 50. Kuku anayekula nyasi za kununuliwa, yai lake likiuzwa hivyo hivyo, hakuachii kitu mkononi.

Usifyeke zote vilevile. Acha eneo pana karibu na mahali utakapojenga, kwa sababu nyasi husambaa zenyewe katika majira yenye joto, na mnyama aliyekula nje siku hiyo hahitaji cha ghalani. Zungushia uzio sehemu moja ambayo wanyama hawataifikia, ili mbegu isiishe.

Kijana wa Kadutu (Bukavu)

Yaya ameeleza habari ya nyasi nami sina la kuongeza hapo. Ila juu ya kuku na ng'ombe nitasema tofauti na wengi: kwa sarafu 7,000, usinunue mnyama yeyote sasa.

Tazama bei. Zizi ni sarafu 6,000 pamoja na mbao 350 na mawe 150. Ng'ombe mmoja ni 1,500. Ndoo ya kukamulia ni 1,000, na bila hiyo ndoo hupati maziwa hata ng'ombe awe mkubwa namna gani. Jumla ni 8,500, nawe huna. Ukilazimisha mpango wa kuku, banda ni 4,000 pamoja na mbao 300 na mawe 100, kuku mmoja ni 800, na hapo fedha yako yote imelala katika mayai ya sarafu 50.

Majira ya joto yanaanza baada ya siku chache. Mbegu ya bluberi kwa Pierre, mwenye duka la mbegu, ni sarafu 80. Ukiipanda siku ya kwanza ya majira hayo, kila mche unavunwa mara 4 kabla majira hayajaisha, kila mavuno yanatoa matunda 3, na tunda moja ni sarafu 50. Huo ni mche wa sarafu 80 unaorudisha 600. Hakuna kuku anayefanya hivyo katika siku 28. Weka fedha yako kwenye mbegu, tumia siku za kungojea kutafuta shaba na kujaza ghala, na majira ya majani kupukutika yakifika utajenga zizi, utanunua ng'ombe 4 kwa mkupuo mmoja, nawe utakuwa umefuata nia yako bila kupitia kuku usiowataka.

Mwalimu wa Katindo (Goma)

Ndugu wa Kadutu, hesabu yako ya bluberi ni sahihi, nami sitaipinga kama hesabu. Ninachopinga ni kuweka sarafu zote 7,000 humo. Mbegu 87 zinamwagiliwa kwa mkono kila siku isiyo na mvua, kila mche ukila nguvu takribani 2, na mchezaji wa mwaka wa kwanza anaamka na nguvu 270. Zaidi ya nusu ya nguvu zake itaishia kwenye ndoo ya maji, na mgodi unaotegemewa kwa shaba ya ghala utakosa mtu wa kushuka.

Halafu umewahesabu kuku kwa bei ya yai bichi peke yake, ilhali hakuna mfugaji wa mchezo huu anayeendelea kuuza mayai mabichi kwa muda mrefu. Mashine ya mayonezi inafunguka katika kiwango cha 2 cha ujuzi wa kilimo, na mtu aliyevuna viazi na koliflawa huenda tayari amekifikia. Inatengenezwa kwa mbao 15, mawe 15, mkuo mmoja wa shaba na fuwele moja ya ardhi inayookotwa katika ngazi za juu za mgodi. Yai la sarafu 50 linaingia humo na baada ya saa 3 za mchezo linatoka mayonezi ya sarafu 190. Mashine ya jibini, kwa upande wake, inafunguka katika kiwango cha 6, na hiyo ni safari ndefu kwa anayeanza. Maziwa ya sarafu 125 yanakuwa jibini ya sarafu 230. Ni faida nzuri, ila inachelewa.

Linganisha uwekezaji mzima. Banda lenye kuku 4 ni sarafu 7,200. Zizi lenye ng'ombe 4 pamoja na ndoo ni sarafu 13,000. Kuku 4 wakitoa mayonezi kila siku ni sarafu 760, kwa hiyo gharama inarudi ndani ya siku kama 10 tangu waanze kutaga. Ng'ombe 4 wakitoa maziwa tu ni sarafu 500 kwa siku, gharama inarudi baada ya siku 26. Wakitoa jibini ni 920, siku kama 14. Kifaranga hukua kwa siku 3, ndama kwa siku 5. Kuku wanashinda kwa sababu mashine yao ni ya mtu maskini, na ng'ombe wanakuja kuwapita baadaye kwa sababu jibini ina bei kubwa zaidi. Ndugu wa Himbi anaweza kufika kwa ng'ombe kwa fedha ya kuku.

Kuna jambo la mwisho, nalo ni la wakati zaidi kuliko fedha. Ubora wa yai na wa maziwa unategemea urafiki wa mnyama nawe, na urafiki huo haununuliwi. Unaongezeka siku kwa siku. Anayenunua kuku mwanzoni mwa majira ya joto ataingia majira ya baridi akiwa na kuku wanaotoa mayai makubwa, wakati ambapo mashamba yote nje hayana mmea.

Mama wa Ibanda (Bukavu)

Wanangu, mmehesabu sana sarafu, na swali la utunzaji bado halijajibiwa. Mimi nacheza na watoto wangu nyumbani, na upande huu wa mchezo ndio tunaoupenda, basi nitaueleza kwa kirefu.

Urafiki wa mnyama una kikomo cha alama 1,000, zinazoonekana kama mioyo 5, maana kila moyo ni alama 200. Kumpapasa mnyama mara moja kwa siku kunaongeza alama 15. Kula nyasi mbichi nje kunaongeza 8. Kumkamua kunaongeza nyingine 5. Siku usiyompapasa alama zinapungua, na siku asiyopata chakula zinapungua 20 kwa mkupuo, kwa hiyo njaa ya siku moja inakula kazi ya siku iliyotangulia na zaidi. Ukimpapasa tu bila mengine utahitaji zaidi ya siku 60 kufika kikomo. Akienda malishoni kila siku muda huo unapungua sana. Ndiyo maana ninakubaliana na mwalimu kwamba mnyama anunuliwe mapema, nyasi za nje zingali zipo.

Ukibonyeza mnyama mara ya pili baada ya kumpapasa, kidirisha kinafunguka chenye jina lake, mioyo yake na sentensi fupi inayoeleza anavyojisikia siku hiyo. Isome. Watoto wangu hupita kwa kila mmoja na kuisoma kwa sauti, na akionekana mmoja hana furaha tunaanza kukagua: je, hori lilikuwa na nyasi jana, je, alilala ndani? Katika banda la kwanza na zizi la kwanza nyasi hazijiwekei zenyewe horini. Ni lazima uingie, uchote kwenye mdomo wa ghala ulio ukutani, na uweke fungu moja moja juu ya hori hadi nafasi zijae. Jengo likikuzwa mara mbili ndipo linapojilisha lenyewe. Mtu anaweza kuwa na ghala limejaa mafungu 200 na kuku wake wakalala njaa siku ya mvua, kwa sababu tu hakuingia bandani.

Mlango nao una kanuni zake. Asubuhi ya jua ufungue, wanyama watatoka wenyewe na jioni watarudi wenyewe. Usiufunge kabla hujawahesabu ndani, na usihesabu kwa kutazama uwanjani tu, kwa sababu kuku akisimama nyuma ya banda paa linamficha usimwone. Mnyama aliyefungiwa nje anaamka amekasirika, na usiku mwingine anaweza kushambuliwa na mnyama wa porini, nawe hutamwona tena. Hiyo ndiyo njia pekee ya kumpoteza mnyama katika mchezo huu. Njaa haimuui, inamnyima furaha, naye anaacha kutaga au kutoa maziwa. Uzee haumuui. Machinjio hakuna kabisa, ila unaweza kumuuza, na bei yake inapanda kadiri alivyokuwa rafiki yako. Mimi kama mzazi naliona hilo ni jambo jema sana katika mchezo wa watoto, kwamba faida yote inatokana na mnyama aliye hai na mwenye furaha.

Kwa majira ya baridi kuna kipasha joto ambacho Marnie anakiuza sarafu 2,000, kinawekwa ndani ya jengo na kuwaongezea wanyama furaha. Kabla hujanunua, angalia orodha za sadaka katika jumba la jamii: ile ya malisho inataka ngano 10, nyasi kavu 10 na matofaa 3, na zawadi yake ni hicho hicho kipasha joto. Ile ya mifugo inataka vitu 5 kati ya 6, vikiwamo maziwa makubwa na mayai makubwa, na zawadi yake ni mashine ya jibini. Ukiikamilisha kabla ya kiwango cha 6 utakuwa na jibini mapema kuliko mwalimu alivyosema.

Kwa wasomaji ambao hawajaanza kabisa, toleo la 1.6 lililotoka mwezi wa tatu mwaka 2024 kwenye kompyuta, na mwezi wa kumi na moja mwaka huo huo kwenye simu, lina aina ya shamba inayokuja na banda lililokwisha kujengwa, kuku 2, na nyasi za bluu ambazo wanyama wanazipenda kuliko za kijani. Ndugu wa Himbi asianze upya kwa ajili ya hilo. Shamba lake linatosha.

Mkaaji wa Himbi (Goma)

Nawashukuru sana, yaya, mwalimu, mama, nawe ndugu wa Kadutu. Habari ya kutofyeka kabla ya ghala imenifikia kwa wakati, kwa maana upande wote wa kusini wa shamba langu bado ni nyasi tupu, na nilikuwa nimepanga kuusafisha wiki hii.

Nina maswali mawili madogo. La kwanza ni la umeme. Mtaani kwetu unakatika bila taarifa, na betri ya kompyuta yangu haikai. Kama nimenunua mnyama, nimempa jina, na umeme ukakatika kabla sijalala ndani ya mchezo, je, nimepoteza yote? La pili: nilikwenda kwa Marnie kuuliza bei nikamkosa kwenye kaunta, ingawa mlango ulikuwa wazi. Kuna siku maalumu?

Kijana wa Kadutu (Bukavu)

La umeme tunalifahamu sote huku Kivu. Ndiyo, kwenye kompyuta mchezo unahifadhiwa pale tu unapolala, kwa hiyo umeme ukikatika mchana unarudi asubuhi ya siku hiyo hiyo: fedha uliyotumia iko palepale, mnyama hayupo. Hujapoteza kitu isipokuwa kazi ya siku moja, na siku nzima ya mchezo, kuanzia saa 12 asubuhi hadi saa 8 usiku, ni kama dakika 14 za saa ya ukutani. Siku ya ununuzi mwagilia kwanza, nenda moja kwa moja kwa Marnie, lipa, rudi, mpapase mnyama wako, kisha ulale hata kama ni mchana. Ukilala mapema wakati wanyama wako malishoni, acha mlango wa banda wazi. Hatari aliyoieleza mama inatokana na mlango uliofungwa huku mnyama yuko nje. Wanaocheza kwenye simu wamepumzika kidogo, kwa kuwa toleo hilo linashika mahali ulipoachia.

Marnie anahudumia kuanzia saa 3 asubuhi hadi saa 10 jioni, isipokuwa Jumatatu na Jumanne. Robin anafungua saa 3 asubuhi hadi saa 11 jioni. Jumanne hapatikani dukani, na Ijumaa anafunga mapema. Jumanne basi ni siku ya mgodi.

Juu ya bluberi bado ninasimama niliposimama, lakini mgawanyo wa mwalimu hauna ubaya.

Yaya wa Katuba (Lubumbashi)

Mdogo wangu, kwa fedha uliyo nayo ningefanya hivi. Siku zilizobaki za machipuko zote ni za shaba na udongo. Usinunue chochote hadi mikuo 5 iwe mkononi. Jenga ghala kwa 100. Banda lifuate kwa 4,000, na ukumbuke kwamba Robin anajenga jengo moja kwa wakati mmoja, na banda linamchukua siku 3, basi hizo ndizo siku za kufyeka. Kuku 2 ni 1,600. Jumla yake 5,700, na sarafu 1,300 zinazobaki zinatosha mbegu 16 za bluberi siku ya kwanza ya majira ya joto, nazo zinamwagiliwa bila kumaliza nguvu. Mayai ya wiki ya kwanza yauze mabichi hadi upate fuwele ya ardhi, kisha mayai yote yaende kwenye mayonezi, na kuku wa tatu na wa nne walipiwe na mayonezi hiyo.

Zizi lijengwe mwanzoni mwa majira ya majani kupukutika, si baadaye, ili ng'ombe wako wapate wiki kadhaa za malisho mabichi kabla ya kufungiwa. Nunua wawili. Kuku 4 na ng'ombe 2 ni mafungu 168 kwa majira yote ya baridi, na ghala lako moja linaitosha hesabu hiyo. Kama ifikapo siku ya 20 ya majira ya majani kupukutika ghala halijafika 168, panda ngano mara moja: inakomaa kwa siku 4, na kila shina unalovuna lina uwezekano wa asilimia 40 kukupa fungu la nyasi kavu pamoja na nafaka yake. Weka kando ngano 10 za ile sadaka ya malisho.

Mbuzi wanataka zizi lililokuzwa mara moja, kondoo na nguruwe lililokuzwa mara mbili. Usiwafikirie mwaka huu. Ukianza kulikuza zizi mwaka wa pili, ghala la pili litangulie.